Sahani Yenye Rangi ya Kucha

Mwezi uliopita tulimsomea khitma Bi Zuhura, katika ukumbi ule ule wa Saltley alimovunjwa mkono, na nilipowasikia wanawake wakilia "dada yetu, dada yetu jamani," nilitamani nisimame niwaulize: dada yenu tangu lini? Wallahi ulimi uliniwasha. Mmoja alinishika bega akaniambia marehemu alikuwa na mkono mtamu, hakuna wa kumshinda kwa biriani Birmingham nzima. Nikamjibu ndiyo, mkono ulikuwa mtamu, na ungekuwa mtamu zaidi msingeuvunja. Akaurudisha mkono wake mwenyewe haraka, akaenda kukaa mbali. Rayya, binti wa marehemu, ambaye sasa ni mtu mzima mwenye kazi yake na gari lake, akanivuta jikoni kabla sijaharibu. Akaniambia, kwa Kiingereza chake cha mtaa wa Kingstanding, kwamba ananipenda lakini leo siyo siku yangu ya kutoa ushahidi. Basi nikakaa jikoni nikikausha sahani ambazo tayari zilikuwa kavu. Huko ukumbini sikuruhusiwa kusema, kwa hiyo nasema hapa.

Mwaka ninaoukumbuka nilikuwa na miaka ishirini na moja. Habari za ukoo wetu naziruka, maana mwaka ule nilisikia habari za koo mpaka zikanitoka puani. Inatosha kujua kwamba nilitoka Unguja kuja kusoma, nikapanga chumba Selly Oak katika nyumba ya wanafunzi sita wenye choo kimoja na friji lililoandikwa majina kila rafu, na kwamba aliyenipokea uwanja wa ndege alikuwa Bi Rukia, rafiki wa mama yangu tangu skuli. Sitaki kumfanya Bi Rukia shetani, ingawa ingekuwa rahisi. Ndiye aliyeninunulia koti langu la kwanza la baridi. Nilipougua mafua alikuja na supu ya kuku na ndimu, akakaa juu ya kitanda changu akinitazama mpaka nikamaliza yote, huku akiwalaani wenzangu kwa uchafu wa lile jiko. Ndiye pia aliyekuwa mkuu wa kikundi cha kina mama waliopika harusi na khitma na maulidi za Waswahili wa mji huu, kila Jumamosi, katika jiko la huo ukumbi wa Saltley, nyuma ya gereji. Nami nikajiunga nao. Nilimenya vitunguu, nikasikiliza mazungumzo, nikaota joto la majiko, maana chumbani kwangu mwenye nyumba alizima hita saa mbili usiku bila huruma.

Bi Rukia aliamrisha, lakini aliyepika hasa alikuwa Bi Zuhura. Alikuwa mwanamke mfupi, mwenye maneno machache, anayetia chumvi kwa kiganja bila kutazama na asikosee. Alikuja kwa mabasi mawili kutoka Kingstanding, na Rayya, wakati huo wa miaka tisa, nyuma yake. Kisiwa kimoja na sisi, dini moja, rangi moja. Chakula kikishakwenda ukumbini, sisi wa jikoni tulitandika mkeka wa plastiki, tukaweka sinia katikati, tukakaa sita saba kulizunguka, tukala kwa mikono. Bi Zuhura hakukaa. Alipakuliwa kwenye sahani, kila wiki sahani ile ile nyeupe yenye maua ya buluu ukingoni, akala amesimama kando ya sinki. Niliuliza mara moja tu. "Anapenda mwenyewe," nikajibiwa, na mtu akanisogezea nyama nzuri upande wangu, nami nikaila.

Sasa hili nalisema mapema, ingawa polisi sikuwaambia. Kina mama wote wa shughuli hutia alama vyombo vyao kwa rangi ya kucha, chini ya sufuria, chini ya deli la kahawa, ili vikichanganyika virudi kwa mwenyewe. Jumamosi moja ya baridi Bi Rukia akaniita. "Sauda mwanangu, unayo ile rangi yako nyekundu? Hebu itie alama hii sahani ya Zuhura, isije ikachanganyika na zetu." Nikaitoa mkobani. Nikachora duara chini ya sahani, nikalipuliza likauke, na Mungu anisamehe, nilijisifu moyoni kwamba duara limetoka zuri. Zetu zipi? Sahani zote za pale zilikuwa mali ya ukumbi, hata hiyo. Alama ya vyombo ni ya kukirudisha chombo nyumbani kwa mwenyewe; hii ilikuwa ya kukizuia kisitusogelee. Nililijua hilo pale pale, na brashi mkononi. Nilikuwa nimelelewa vizuri sana, sikuuliza.

Sababu yenyewe niliipata vipande vipande juu ya vitunguu. Ati babu wa babu yake Zuhura alikuwa mtu wa shamba la babu wa babu yake Rukia. Mtu wa shamba, yaani alimilikiwa pamoja na mikarafuu. Yule bwana amekufa, shamba limekufa, karafuu zenyewe sijui ziko wapi, lakini orodha ya nani alikuwa wa nani imepandishwa ndege na kuteremshwa Birmingham salama salimini, na sisi ambao mizigo yetu yote hupotea uwanja wa ndege! "Zuhura ana heshima," alisema Bi Rukia siku moja akichambua mchele. "Anajua mahali pake. Siyo hawa wa siku hizi." Aliyasema kwa upole, kama anayemsifu. Bi Zuhura alikuwa hatua tatu kutoka pale, mwiko wake ukaendelea kuzunguka vile vile.

Siku ya harusi ya mpwa wa Bi Rukia, Bi Zuhura alikuwa jikoni tangu alfajiri. Saa tisa mchana tukaketi kula, na Rayya, kwa kuwa alikuwa na njaa na hakuwa na akili za babu wa babu, akajipenyeza akakaa kwenye sinia. Mama mmoja akamwinua kwa kwapa. "Wewe sahani yako iko kwa mama yako huko." Hakumwambia kwa ukali. Bi Zuhura akaliona hilo. Akauweka mwiko, akanawa mikono taratibu, akaikausha kwa kanga yake, akaja akamkalisha mtoto pale pale alipoinuliwa, akakaa ubavuni mwake, akasema Bismillahi, akatia mkono kwenye sinia. Bi Rukia alikuwa amesimama na ule mwiko mkubwa wa pilau, wa urefu wa mkono mzima. "Toa mkono wako kwenye sinia letu, mjakazi wee! Bibi zako wamekufa wakigombea ukoko wa kwetu!" Bi Zuhura hakutoa. Alikuwa akilifinyanga tonge lake. Mwiko ukashuka mara mbili, na mara ya pili nilisikia mfupa. Hakupiga kelele. Aliinuka, akaifunga ile sahani ya maua ndani ya kanga kwa mkono mmoja, akaitia kwapani, akaniambia, "Sauda, niitie teksi." Hospitali walimwomba aiweke chini wapate kumpima. Akakataa.

Hapo ndipo ilipoanza kazi ya kueleza. Askari wa kwanza, kijana mwenye masikio mekundu, aliuliza: wote wawili weusi? Ndiyo. Wote Waislamu? Ndiyo. Wote wa Zanzibar? Ndiyo. Akaishusha kalamu. Basi huu ni ugomvi wa jikoni, alisema, na nikamwona kabisa anavyofurahi kwamba karatasi itakuwa fupi. Fomu yake ilikuwa na orodha nzima ya chuki, kila moja na kisanduku chake, na hakuna hata kimoja cha babu wa babu. Walimletea Bi Zuhura mkalimani, baba mmoja mpole wa Bukavu, Kongo, aliyeninong'oneza kwenye korido ya kituo cha polisi: "Mais mama, hii sinia njo nini?" Mama! Na mimi na miaka ishirini na moja. Nikamweleza kuhusu sinia na sahani. Akatikisa kichwa muda mrefu. "Hata kwetu batu ba vile biko," akasema, yaani watu wa kutengwa hivyo wapo hata kwao, kisha akarudi ndani akamtafsiria askari kwamba kulitokea shida ya chakula. Nilitaka kuupiga ukuta teke. Mara ya tatu tulipokwenda tukapewa askari mwingine, na tukaanza upya kutoka kisiwani.

Mfupa wenyewe haukuwa na ubishi, ulionekana kwenye picha. Bi Rukia mwenyewe alikubali kwamba alimpiga, kwa joto la jikoni na uchovu wa harusi, na akajuta. Maneno alikana. Lakini Bi Zuhura hakutaka kipigo tu. "Wakiandika kanipiga kwa joto la jikoni," aliniambia, "basi kesho wataninunulia sahani mpya." Alitaka iandikwe kapigwa kwa nini. Wakili wa mashtaka, bibi kijana aliyekokota mafaili kwenye begi la magurudumu, alituambia sheria inaweza kulizidisha kosa uzito kama itathibitishwa kwamba limetokana na chuki ya asili ya mtu. Nafasi ipo, alisema, lakini ni nyembamba, na atahitaji mashahidi. Wanawake waliokuwa jikoni tulikuwa tisa, ukimtoa Rukia na Zuhura. Wanane hawakuona wala hawakusikia, walikuwa wamegeuka. Wanane, kugeuka kwa pamoja, na masikio pia! Nikabaki mimi.

Kesi iliahirishwa mara tatu. Mara chumba hakuna, mara jaji hayupo, mara faili limekwenda kwingine. Mama alinipigia simu karibu kila Ijumaa. "Yule ndiye aliyekupokea, Sauda. Utamsimamisha kortini mtu aliyekuvisha koti?" Nikamwambia mama, amemvunja mtu mkono. "Hilo ni la Mungu," alisema, "na waliokuwepo ni watu wazima, wewe umejiingiza kwa nini?" Nikakata simu, kisha nikapiga tena kuomba radhi, na kila Ijumaa ikawa hivyo. Jumapili nilipanda treni mpaka mjini, kisha basi mpaka Kingstanding, kumpikia Bi Zuhura, maana mkono ulikuwa kwenye plasta. Yeye alikaa kwenye kiti cha plastiki mlangoni mwa lile jiko dogo la nyumba ya kanso, ya halmashauri ya mji, akinitukana: kitunguu hicho unakikata au unakiua? Wali huo ni wa watu au wa kuku? Na chakula kikiiva tulikula pamoja, yeye na Rayya na mimi, sinia moja juu ya zulia, yeye kwa mkono wa kushoto akiomba radhi kwa Mungu kila tonge. Aliniita mwanangu. Ile sahani ilikuwa imechukuliwa na polisi. Mara mbili aliniuliza, kama anayezungumza na nafsi yake, "Ni nani, Sauda, aliyekaa akaichora ile alama? Yule namtaka zaidi ya Rukia." Nikamwambia sijui. Nikamega wali nikala.

Kortini Bi Zuhura alitoa ushahidi kwanza, na alipomaliza akaruhusiwa kukaa nyuma kusikiliza. Kisha nikaitwa mimi. Maneno ya Bi Rukia niliyasema kama yalivyotoka, nikaulizwa kama nina uhakika, nikasema ninao. Ndipo akasimama wakili wa utetezi, bwana mrefu mwenye sauti ya kutuliza watoto. "Bibi, mimi kwangu nakula kwenye sahani yangu peke yangu kila siku," akasema. "Je, nami nabaguliwa?" Wale kumi na wawili wa jopo, raia wa kawaida na makoti yao mapajani, wakacheka. Jamani nilieleza! Nilieleza kuhusu sinia, nani hukaa na nani, maana yake nini kutokaribishwa, na kadiri nilivyoeleza ndivyo nilivyoona nyuso zao zinavyojiuliza nani anataka kula na mikono ya wenzake sita. Kwao mwenye sahani yake ndiye aliyeheshimiwa. Ungewaonyesha jela wangeiita chumba cha peke yake. Nikamtazama wakili wetu. Alikuwa akiandika kitu kwa haraka, na nikajua kwamba nafasi yetu nyembamba inafungwa mbele ya macho yangu.

Wakili wa utetezi akaniletea sahani yenyewe, ndani ya mfuko wa plastiki wenye namba. Akaigeuza. "Ni kweli kwamba kina mama wa shughuli hutia alama vyombo vyao ili visipotee?" Kweli. "Kwa hiyo Bi Zuhura aliitia alama sahani yake, irudi kwake. Nawe huwezi kuliambia jopo vinginevyo, siyo?" Bi Rukia alikuwa ndani ya kile kizimba cha kioo, amevaa baibui lake zuri, akinitazama kwa macho yale yale aliyonitazama nikinywa supu. Nyuma ya wakili alikaa Bi Zuhura, mkono wa kulia juu ya mwingine, umepinda kidogo pale ulipounga. Ningesema siwezi, Jumapili ile angenipikia tukala sinia moja kama kawaida. Wallahi hilo ndilo nililolifikiria, siyo sheria, siyo haki, bali lile zulia la Kingstanding.

"Naweza," nikasema. "Alama niliitia mimi." Nikaeleza Jumamosi ile, na rangi ya kucha yangu, na maneno niliyoambiwa: isije ikachanganyika na zetu. Nikasema sahani haikuwa ya Zuhura wala ya mtu, ilikuwa ya ukumbi, kama zetu zote, na hakuna nyingine iliyotiwa alama. Wakili angekaa chini hapo angefanya la maana. Lakini alikuwa ameudhika. "Na wewe ulielewa nini kwa maneno hayo, kijana wa chuo kikuu?" Nikamwambia nilielewa vizuri. Nilielewa kwamba akila kwenye chombo, humo sisi hatuli tena. Nilielewa kwa sababu kwetu ni hivyo hivyo, nimekulia humo, hakuna aliyehitaji kunieleza. Ndiyo maana sikuuliza. Bibi mmoja wa jopo, mzee mwenye miwani ya mnyororo, akaomba kuiona sahani. Akaigeuza ndani ya mfuko, akalitazama duara langu zuri kwa muda mrefu. Sahani ikapita mkono kwa mkono mpaka wa kumi na mbili, na safari hii hakuna aliyecheka. Sikuthubutu kutazama nyuma.

Walimtia hatiani kwa kipigo na kwa sababu ya kipigo, vyote viwili. Hakufungwa ndani, alipewa kifungo cha kuning'inia, cha kwenda jela akikosea tena, na kazi za bure, na baada ya mwaka akahamia mji mwingine kwa mwanawe. Ile sababu jaji aliisoma kwa sauti, na Bi Zuhura akamwomba yule mkalimani wa Bukavu amrudilie neno kwa neno, ingawa Kiingereza alikuwa akikielewa vizuri. Mama hakusema nami miezi saba. Koti nililirudisha kwa posta, likarudi kwangu halijafunguliwa. Wanane wale waligundua mwezi uliofuata kwamba walikuwa upande wa Zuhura muda wote, na ndio hao waliokuwa wakilia kwenye khitma.

Jumapili iliyofuata hukumu nilikwenda Kingstanding kama kawaida. Bi Zuhura alinifungulia mlango, akanisalimu vizuri, akanikaribisha. Alipika mwenyewe. Akaweka sinia juu ya zulia, akakaa, Rayya akakaa. Kisha akainuka akaenda jikoni, akarudi na sahani ya maua ya buluu, iliyorudishwa na polisi na chembe ya gundi ya namba bado iko ukingoni. Ilijaa pilau, na nyama nzuri zote juu. Akaiweka mbele yangu, kando ya sinia. "Kula, mwanangu," akasema. Hakununa wala hakunisema. Nikala. Pilau lilikuwa tamu, nami nikaimaliza sahani yote.

Ikawa ndiyo desturi. Nilimaliza chuo, nikapata kazi, nikaolewa, nikaachika, na miaka kumi na sita nilikwenda Kingstanding, kila nilipokwenda nikapakuliwa humo. Tulicheka, tulisengenya, alinifunza biriani yake yote, alinishika mkono nilipozaa. Na chakula kikifika, mimi na sahani yangu kando. Niliona ni haki yangu, adhabu yangu, na kwamba siku moja atachoka mwenyewe aniite. Nilijiona nina subira kubwa.

Wiki moja kabla hajafa nilikuwa naye hospitali. Wakamletea chakula cha mchana kwenye trei: viazi vya kupondwa, samaki asiye na rangi, njegere. Alivitazama kwa chuki, kisha akanigeukia. "Wewe mjinga sana, Sauda," akasema. Nikamuuliza nimefanya nini tena. "Miaka yote hii nakuwekea sahani, na wewe unakula! Nakungoja. Kila wiki nasema, leo atasema, leo atatia mkono. Mimi nilitia mkono mbele ya mwiko, wewe nani alikusimamia na mwiko?" Nikasema nilidhani ananiadhibu. "Mwezi wa kwanza, ndiyo," akasema. "Nilikuwa na hasira, we! Halafu nikawa nakungojea uone haya. Ukanichosha." Akafunga macho kwa uchovu, na mimi nikakaa pale nikiwa sijui nilie au nimkasirikie, mwanamke wa kufa na jambo kama hilo tumboni miaka kumi na sita, na mimi niliyekiri mbele ya jaji kwamba sikuuliza, halafu nikaendelea vile vile, kimya, nikisubiri nikaribishwe.

Nikaisogeza trei juu ya kitanda, katikati yetu. Nikanawa kwenye sinki la chumbani, nikasema Bismillahi, nikatia mkono kwenye vile viazi vyao vibaya. Akafumbua jicho moja. "Usile upande wangu," akasema, na kwa ule mkono uliopinda akamvuta samaki, akammega, akaniwekea pande kubwa mbele yangu.